Kila Jumamosi Nasalimiwa Redioni kama Marehemu

Admin, ficha jina langu. Mimi ni mzee wa miaka hamsini na saba, mkulima huku Kiplombe, nina mke na binti mmoja. Msinitukane kabla hamjamaliza kusoma.

Zamani nilikuwa mtu wa salamu redioni. Vijana hamjui hiyo raha! Unanunua kadi, unajaza majina ya marafiki, unapeleka posta, halafu unangoja hata wiki mbili mtangazaji aisome. Rafiki yangu wa salamu alikuwa Mkikuyu mwenye duka kule Turbo. Hakuna kadi yake iliyosomwa bila jina langu. Tukazoeana mpaka Krismasi tunakula pamoja.

Ile Januari ya vita vya kura ya 2008, Wakikuyu wakifukuzwa huku kwetu, akanipigia simu asubuhi. "Ndugu yangu, wamechoma duka. Nifichie mke wangu na watoto tu, mimi nitajua pa kwenda." Nikamwambia awalete. Muda kidogo vijana wa kabila letu wakapita kwa geti wakiuliza ni nani anaficha watu. Niliogopa, wacha niseme ukweli. Nikafunga geti kwa kufuli, nikazima simu. Hiyo laini sijaiwasha tena.

Siku hizi kipindi cha salamu cha redio kiko pia Facebook, watu wanaonana kwa video. Mwezi jana binti yangu aliniwekea hicho kipindi nikinywa chai, nikamwona rafiki yangu, mvi tupu, yuko Nakuru. Mtangazaji akamuuliza anamsalimia nani.

"Kwanza marehemu ndugu yangu wa Kiplombe," akasema. "Alikubali kutuficha, halafu simu ikazima. Najua walimuua kwa sababu yetu."

Akalia. Woi! Na mimi niko hapo na kikombe mkononi.

Kila Jumamosi anarudia hivyo. Juzi wakaweka picha yetu ya zamani, eti wanatafuta familia yangu wawape pole. Watu wanaandika, "Pumzika shujaa." Shujaa gani jameni?

Binti yangu akaiona. "Baba, si huyu ni wewe? Wacha niwaambie uko hai!" Nikamfokea mpaka akatoka nje. Baadaye nikamweleza yote. Akasema, "Usiposema Jumamosi, nitasema mimi."

Kesho ndiyo Jumamosi. Tangu asubuhi nazunguka boma, naandika kwa simu, nafuta, naandika tena. Ng'ombe nimesahau kukamua. Nikisema niko hai, ataniuliza simu ilizima aje.

Ndugu zangu, nisaidieni. Mtu anaanza wapi kumwomba msamaha mtu anayemlilia?