Nakeno na Mashine Isiyo na Moto

Kwa miaka ishirini na mbili Nakeno alikuwa mtu wa maji ya moto katika zahanati moja ya mtaani Lodwar. Alikuwa na pipa lake, mafiga matatu na rundo la kuni, na kila mtoto aliyezaliwa pale alioshwa kwa maji yaliyopita mikononi mwake. Moshi ulimharibia macho kidogo, lakini kazi ilikuwa yake na hakuna aliyeitamani. Kisha ikaja mashine.

Lilikuwa sanduku la kijivu, kubwa kama kabati la nguo, likasimamishwa kwenye saruji kati ya zahanati na soko la samaki. Fundi Kipngeno, mtu mwenye subira kuliko mafundi wengi, alieleza kuwa upande mmoja litapoza chumba cha kuweka samaki wa kina mama wa sokoni pamoja na dawa za zahanati. Upande wa pili litachemsha maji ya wodi ya wazazi.

"Moto yake iko wapi?" Nakeno akauliza.

"Haina moto, mama. Inatoa joto kwa samaki, inaweka kwa maji."

Nakeno aliingia chumba baridi akamshika samaki mmoja tumboni. Akatoka. "Huyu samaki ako na joto gani ya kuchemsha pipa mzima?"

Kipngeno akachora mishale mchangani, akaeleza tena tangu mwanzo. Nakeno akaitikia kwa heshima na hakuelewa hata mshale mmoja. Alichoelewa ni kwamba kamati ya zahanati imempa ufunguo, imemwita mlinzi wa mashine, na kwamba hafukuzwi kazi. Akashukuru. Kuni zake akazipanga vizuri nyuma ya choo, ili siku mashine itakapoaibika ziwe karibu.

Mumewe Lomuria alimcheka sana kwa hilo, na Lomuria ndiye aliyefaidika kuliko wote. Ana ugonjwa wa sukari. Kabla ya mashine, chupa zake za insulini zilikaa ndani ya mtungi uliofukiwa kwenye mchanga mbichi chini ya kitanda. Februari moja mchanga ulikauka Nakeno akiwa kazini. Dawa ikaharibika bila kubadilika rangi, Lomuria akajidunga maji matupu siku tano, mpaka akaanguka mlangoni na povu mdomoni. Sasa chupa zake ziko rafu ya juu ya chumba baridi, pamoja na za wagonjwa wengine kumi. Mlangoni kuna kipimajoto cha mshale, chenye mstari mwekundu kwenye nyuzi nane, kikomo cha dawa. Nakeno hajui kusoma barua, lakini mstari huo anausoma kila saa.

Mwaka huu, Februari tena, feni iliyo juu ya mashine iliungua kwa vumbi. Kipngeno alikuwa Kakuma akishughulikia mashine nyingine. Akasema kwa simu kwamba feni mpya atakuja nayo Jumatatu, na mpaka hapo mashine itajikokota tu.

Nakeno aliwaza kama mtu aliyezoea kupima kuni. Mashine ni moja, kazi ni mbili, na sasa ni mgonjwa. Apunguziwe basi kazi moja. Siku hiyo ya Alhamisi akalitia kufuli bafu la maji ya moto la wodi, ili nguvu zote ziende kwenye baridi ya Lomuria.

Walioumia ni kina nyanya. Kila jioni Nyanya Akai na wenzake sita walikuja kukanda magoti kwa maji ya moto. Kamati iliwaruhusu, mradi maji yasitoke getini kwa mitungi, maana zamani yalitoka hivyo mpaka wajawazito wakakosa. Nakeno akawazuia langoni.

"Maji ya moto imeisha?" Akai akauliza.

"Haijaisha, nyanya. Tunaweka."

"Mnawekea nani, na wodi haina mtu?"

Kweli wodi ilikuwa tupu wiki nzima. Akai akageuka akiburuta mguu, akisema kwa Kiturkana mambo ambayo hayafai kurudiwa hapa.

Jumamosi saa sita mchana mshale ulisimama kwenye saba. Mashine ilikuwa kimya. Nakeno akaipapasa, akaibembeleza, akaipiga kofi la upole. Nesi Carol alipopita alimkuta akiongea nayo, akampigia Kipngeno simu na kumpa Nakeno aongee.

"Mama, maji ya moto mnatumia?"

"Hatutumii hata tone!" Nakeno akasema kwa fahari. "Nimefunga tangu Alhamisi."

Kipngeno akapandisha sauti.

"Mama, fungua. Tangi imejaa joto, feni ya kutupa joto nje ndiyo hiyo imekufa, mashine haina pahali ya kuweka ingine. Ndiyo maana imejizima. Mwaga hiyo maji."

"Nimwage?"

"Mwaga kwa mchanga. Sasa hivi."

Nakeno alizaliwa Kaikor. Utotoni alishushwa ndani ya shimo lililochimbwa kwenye laga, ule mto uliokauka, refu kumzidi mamake, akichota maji kikombe kwa kikombe na kupitisha juu. Alifungua mfereji wa nje wa tangi. Maji yakatoka na mvuke, mchanga ukayanywa, mbuzi wawili wakaja mbio wakaungua pua. Kabla hajafika hesabu ya ishirini mkono wake ulikuwa umeshaufunga tena. Akautazama mkono huo kama ni wa mtu mwingine.

Ili dawa ipoe, maji ya moto yatoke. Alibana siku mbili kumwokoa mumewe, kumbe alikuwa akimmaliza. Aliogopa, na zaidi ya kuogopa aliona haya.

"Nimwage mimi?" Carol akauliza.

"Usiguse! Ngoja kidogo."

"Ikifika saba na nusu namwaga, Mama Ebenyo. Sitangoja nane," Carol akasema, akimwita Nakeno kwa jina la mwanawe.

Nakeno akakimbia, mwanamke wa miaka hamsini na nne, kandambili mkononi, mpaka kwa Nyanya Akai.

"Ejok, nyanya," akamsalimu.

"Ejok." Akai hakunyanyua macho.

"Njoo uoge."

Akai akatazama jua, kisha akamtazama Nakeno. "Juzi umenifukuza jioni, saa ya kuoga. Leo unaniita saa ya kufa na joto. Hiyo maji imefanya nini?"

Nakeno akajaribu kueleza. Alianza na samaki, akapotelea kwenye feni, akarudi kwa samaki. Akai akamwacha amalize.

"Sijaelewa."

"Hata mimi sijaelewa, nyanya. Lakini dawa ya Lomuria iko ndani, na inaharibika."

Akai akavuta fimbo yake. "Hapo nimeelewa. Naita wale wengine. Lakini utaoga wewe kwanza, tuone kama utatoka."

Walifika kwa mkururo, wazee saba wanaochechemea kwenye jua la kuchoma, na watu wa sokoni wakasimama kutazama. Nakeno akafungua kufuli. Akaingia bafuni, akafunga mlango, na hapo ndipo alipokumbuka jambo ambalo hakuna aliyewahi kumuuliza. Maji ya moto hajawahi kuoga. Yalikuwa ya waliojifungua, na yeye watoto wake wanne aliwazalia Kaikor, akapakwa mafuta, akafunikwa ngozi, basi.

Akachanganya beseni, akajimwagia bega. Alishtuka. Akajimwagia mgongo, mahali palipobeba kuni miaka ishirini na mbili, na mgongo ukalegea taratibu, kipande kwa kipande. Jasho na maji na machozi vikashuka pamoja. Hakujua analia nini. Lomuria bado yuko hatarini, kina nyanya wanangoja, joto nje linaua, na yeye anaona raha. Akaongeza beseni la pili, la tatu, mfereji ukiwa wazi.

Nje, kitu kikakohoa. Kisha ule mngurumo ukarudi, mdogo, halafu mnene. Baada ya muda Carol akapaza sauti kutoka mlango wa chumba baridi: "Saba kasoro! Inashuka, Mama Ebenyo! Inashuka!"

Nakeno akaegemea ukuta, akasema asante Mungu mara tatu. Sababu ya kushuka hakuijua, wala siku hiyo hakuitafuta.

Fimbo ikagonga mlango.

"Wewe! Tumeona haujakufa," Akai akasema. "Toka sasa, na sisi tuingie."

Maisha yake yote Nakeno aliposikia hodi ya mwenye kutaka maji, aliinuka. Akalitazama beseni. Lilikuwa limejaa tena, mvuke ukipanda.

"Bado," akasema. "Ngojeni kidogo."