Bani Liliungua Zamu Yangu, Akafukuzwa Tharsisi

Bani la tumbaku, lile banda la kukaushia majani, liliungua mchana kweupe, na aliyefukuzwa kazi ndiye pekee aliyekuwa analizima.

Niite Pasikali, mtu wa Murungu, Kibondo. Hili nimelificha tangu 1975, na msinihurumie.

Mimi na Tharsisi tulikuwa tumeajiriwa shamba la tumbaku la Abdulrahmani, tajiri mmoja wa Kasulu. Kazi yetu ni kukausha majani. Unachochea tanuri kidogo kidogo, huondoki. Moto ukizidi, bomba ndani ya bani linakuwa jekundu, jani moja likilidondokea, kwisha habari.

Zamu ilikuwa yangu. Koo lilikuwa linaniwasha, nataka pombe. Nikajaza kuni za saa mbili kwa mkupuo, nikajisemea, ah, nitawahi kurudi.

Nikarudi paa linawaka.

Tharsisi, mwenye zamu iliyofuata, alikuwa amewahi. Anamwaga maji, nyusi zimeungua. Tajiri akafika akamkuta yeye na ndoo.

"Zamu ya nani hii?"

Tharsisi akanitazama. Mimi nikatazama chini.

"Basi ni wewe niliyekukuta hapa na ndoo. Ondoka, usirudi."

Nikamwacha aondoke.

Tharsisi alikuwa amekimbia Burundi mwaka 1972, yeye, mkewe Immakulata na watoto watatu. Alipofukuzwa akalima vibarua miezi saba, siku nyingine kwa kikapu cha mihogo tu. Nikipishana na Immakulata ananipigia makofi ya salamu kama desturi yetu, nami sina pa kuweka uso.

Sylvesta, katibu wa kamati ya wafanyakazi, ndiye aliyepeleka shauri la Tharsisi baraza la usuluhishi Kasulu. Hoja yake fupi: mtu kafukuzwa bila kusikilizwa, na kamati haikuambiwa.

Nikaitwa shahidi.

"Wewe uliona nini?"

"Nilikuta linaungua."

Si uongo. Lakini jamani, ukweli nao haukuwemo.

Tharsisi akashinda. Arudishwe kazini, alipwe mishahara yote ya miezi saba. Nilifurahi kumzidi mwenyewe. Nikasema afadhali, kafidiwa, yameisha.

Wiki ileile akaja nyumbani kwetu anaswaga mtamba, ng'ombe jike ambaye hajazaa bado.

Hapa niwaeleze. Baba yangu, mzee Bazilio, alimgabia Tharsisi, yaani alimpa bila malipo, ng'ombe jike alipovuka mpaka, wa kuanzia maisha. Kwetu, aliyegabiwa lazima siku moja arudishe mtamba, na mpaka arudishe, hasemi neno baya juu ya nyumba ile. Ng'ombe huyo Tharsisi alimuuza mwezi wa tatu wa njaa.

"Mzee, nimekuja kurudisha," akasema. "Unisamehe, nimechelewa."

Baba alicheka hadi machozi. Akanipa kamba nimfunge mtamba, kisha nimsindikize mgeni.

Tulipofika njia panda Tharsisi akasimama.

"Siku ile nilikuona unaelekea kilabuni. Ndiyo maana nilikimbilia banini."

Nikamuuliza:

"Mbona barazani hukusema?"

"Nimseme mtoto wa mtu aliyenigabia?"

"Na sasa?"

"Sasa sina deni kwenu. Ila mimi sitasema, Pasikali. Utasema wewe."

Akaenda zake. Ndipo nikaelewa mtamba kanunuliwa kwa pesa gani. Mishahara yote ya miezi saba, ile niliyomkosesha mimi, ilikuwa imefungwa zizini kwetu. Wanawe hawakuionja.

Sikusema.

Tulirudi kufanya kazi pamoja, na kila asubuhi yeye ndiye aliyeanza kunisalimia. Baba alifariki 1991, mpaka mwisho ananiambia, "Uwe na utu kama wa Tharsisi." Yule mtamba alizaa mara tano, na maziwa nilikunywa.

Tharsisi naye hayupo tena. Leo nawaambia ninyi msionijua, maana wale niliopaswa kusema mbele yao wote wako kaburini.

Ndugu yangu, kama kuna mtu anabeba lawama yako, usijidanganye kwamba akilipwa imekwisha. Baraza litampa mshahara wake. Jina lake ni wewe wa kumrudishia, tena akiwa hai.