Kaimu Aliyeomba Ruhusa ya Kuishtaki Serikali

Habari niliipata stesheni ya Morogoro, nilikokwenda kupokea mzigo: yule bwana shamba tuliyemzoea kwa jina la Kaimu amefariki Kigoma. Nilikasirika kabla ya kuhuzunika, wasomaji wangu, na hasira hiyo bado ninayo. Cheo alichokihangaikia nusu ya maisha yake hakukifaidi hata msimu mmoja.

Kwa msiomjua, alikaimu ukuu wa ofisi ya kilimo miaka mingi. Kukaimu ni kufanya kazi ya mkubwa, kulaumiwa kama mkubwa na kulipwa kama mdogo. Alipotarajia kuthibitishwa, aliletwa kijana kutoka Dar es Salaam, hodari wa kuhutubia vijiji vya ujamaa, naye Kaimu akaambiwa amwonyeshe kazi. Alimwonyesha, kisha akaamua kwenda mahakamani. Ndipo alipoambiwa kwamba kuishtaki serikali kunataka idhini ya serikali yenyewe. Alinisimulia tukiwa mgahawani Mwembesongo, chai ikimpoa mbele yake. "Ndugu yangu, nimembishia hodi mtu nimwombe ruhusa ya kumshtaki. Unadhani atanikaribisha?" Tulicheka mpaka mwenye mgahawa akageuka. Aliomba hivyo hivyo, akaambiwa asubiri. Alipokuwa akisubiri hakupandishwa cheo kwa sababu ana shauri, wala hakuhamishwa kwa sababu ana shauri. Akiliondoa, atakuwa amekiri kwamba hakustahili. Akiliacha, limemkaba. Miaka ikapita hivyo.

Sitamfanya malaika kwa kuwa amekufa. Mkewe ni Mluguru wa Mlali, na kwa Waluguru ardhi hufuata ukoo wa mama. Wajomba walimpa binti yao kiwanja kizuri, wakamtaka mume ajenge. Akakataa katakata. Hukumu ikitoka atapata uhamisho, alisema, na mtumishi wa serikali hajengi ukweni. Huyu aliyewafundisha watu michungwa na migomba, nyuma ya chumba chake cha kupanga alipanda mchicha tu, kitu cha kuliwa kabla ya safari. Mimi nilidhani anafanya mzaha. Siku moja nilimkuta mkewe akipalilia kabichi kwao, akaniambia, "Shemeji, huyo rafiki yako nikimwambia paa linavuja, anasema kesi inakaribia. Nimechoka kunyeshewa na kesi." Mwaka huo huo yeye na kaka zake walijenga, akahamia Mlali na watoto.

Idhini ilikuja hatimaye, na jaji akampa haki yake yote. Serikali nayo ikatii: ikampandisha cheo, ikampangia Kigoma. Nilifuatana naye Mlali kupeleka habari. Alikuwa anatembea mbele yangu kama bwana harusi.

"Mama watoto, funga mizigo. Tumeshinda!"

Mkewe aliendelea kuchambua maharage. "Umeshinda wewe, baba. Hongera, na ninasema kwa moyo. Lakini mimi na wanao tulishahama. Tulihamia hapa."

Tulipokuwa tunashuka barabarani Kaimu alisema, "Nikikataa kwenda, watasema nilitaka ugomvi, sikutaka kazi." Alipanda treni peke yake.

Tunaitana ndugu ofisini na kwenye mikutano, jambo ninalolipenda. Lakini undugu gani huu unaomfanya mtu aombe ruhusa kwa aliyemdhulumu, kisha amngoje huyo huyo aamue lini atasikilizwa? Mahakama ilimrudishia cheo, na haikuwa na uwezo wa kumrudishia nyumba iliyokwisha kujifunza kukaa bila yeye. Kosa la kwanza ni la wakubwa, nalisema waziwazi. La pili lilikuwa lake, kuona kwamba maisha nayo yanapaswa kusubiri hukumu.

Nimeambiwa kiti chake huko Kigoma hakijapata mwenyewe. Yupo kijana anakikaimu. Kijana, kama gazeti hili linafika huko, idai haki yako bila woga wowote. Ila jioni ofisi ikifungwa, rudi nyumbani ukiwa umefika kweli.