Kilio cha Picha

Nimelia katika picha nyingi za sinema, na wanaonihoji hutaraji niseme nilianzia kwenye jukwaa fulani la Nairobi. Nilianzia Tetu, wakati wa Hali ya Hatari, ndani ya kijiji kilichozungushiwa handaki, na mwalimu wangu wa kwanza alikuwa Mzungu mwenye kofia pana aliyekula ndizi siku nzima.

Alikuja na gari la serikali kutengeneza picha ya kutufundisha tabia njema. Alitaka msichana acheze mke wa mtu wa msituni, mmoja wa wale waliopigana na serikali ya kikoloni: apeleke chakula porini, kisha atubu mbele ya watu, alie, asamehewe. Nilichaguliwa kwa sababu nilikuwa nimesoma misheni. Nilikubali kwa sababu nilikuwa nimechoka kuchimba handaki. Sina sababu nzuri zaidi ya hiyo, na sijawahi kuitafuta.

Kulia kulinijia kwa urahisi. Akiinua mkono, nalia. Akiushusha, nanyamaza na kuuliza kama uji umeiva. Waigizaji wengine waliniambia baadaye kwamba wao huwakumbuka wafu wao. Mimi sikumkumbuka mtu yeyote. Machozi yalikuwa pale kama maji ya mtungi, unainamisha yanatoka.

Miezi ikapita, kisha gari la sinema likaja kijijini kwetu jioni moja. Shuka jeupe lilitundikwa kwenye ukuta wa kituo cha homugadi, askari wenyeji wa serikali, tukaketishwa kwenye nyasi. Kijiji kizima kikaniona nikisema kwa kwikwi kwamba chakula cha watu wa msituni kilipikwa jikoni kwa mama yangu. Hakuna aliyecheka. Picha walizokuwa wameona hadi siku hiyo zilikuwa za mitaro ya kuzuia mmomonyoko na za ng'ombe wa gredi wenye maziwa mengi, na ng'ombe wale walikuwa wa kweli. Watu wakitubu hadharani nao tulikuwa tumewazoea.

Asubuhi mama akachukuliwa. Baba alikuwa tayari kizuizini, kwa hiyo nyumba yetu haikuhitaji ushahidi mwingi. Nilimkuta mama kituoni ameketi sakafuni, mkuu wa homugadi amesimama mbele yake na kiboko.

"Mtoto yako amesema mwenyewe," alikuwa akimwambia. "Nani alikuwa anakuja kuchukua hiyo chakula?"

"Mzee, hiyo ilikuwa mchezo tu," nikasema. "Maneno nilipewa na Mzungu."

"Ati Mzungu alikupatia uongo? Na machozi, hiyo pia alikupatia?"

Nilipandwa na hasira, na ninaishukuru, maana woga ungeniziba mdomo. Nikamwambia anichagulie kosa lolote, nitalitubu pale pale. Akawatazama wenzake, wakacheka.

"Haya. Sema umeniibia mbuzi."

Nikapiga magoti. Nikasema nilimwiba mbuzi wake, nikamchinja, ngozi nikaifukia kwenye migomba. Nililia mpaka kamasi zikanitoka, na askari mmoja akaanza kunipa pole. Halafu nikanyamaza ghafla, nikajifuta uso kwa kanga, nikasimama.

Mkuu akatoka nje kuwaangalia mbuzi wake. Ninasema kweli, alitoka. Aliporudi hakunitazama usoni.

"Peleka mama yako nyumbani," akasema.

Njiani nilijisikia shujaa. Nilimsimulia mama jinsi uso wa yule mtu ulivyobadilika, nikacheka peke yangu. Yeye alitembea mbele bila kuitika, na nikadhani ni uchovu.

Habari ya kifo cha baba ilitufikia masika yakianza. Ililetwa na mtu aliyeachiliwa kutoka kambi alimozuiliwa baba, akasema alichokuja kusema, akaenda zake. Nilianguka mlangoni. Sijui nililia kwa muda gani, wala sauti iliyonitoka sikuijua. Nilimngoja mama aje anishike, kwani nani mwingine angenishika?

Hakuja. Alikuwa ameketi kando ya jiko, macho makavu, akinitazama kwa makini, akisubiri nimalize. Nilipozidi kulia, akaniuliza kwa upole kabisa, bila ubaya wowote:

"Hiyo kilio ni yako, ama ni ya picha?"

Sikuwa na kilio kingine cha kumwonyesha.