Nyumba Aliyoitaja Mama

Mama yetu alikuwa na watoto watatu, na watoto hao wako chini ya serikali tatu ingawa tunaishi nchi moja. Kaka yangu mkubwa yuko Louisville, Kentucky, anapakia mizigo ghalani. Mimi niko Hilliard, pembeni mwa Columbus, Ohio, natunza wazee wa watu wengine. Mdogo wetu wa kike, kitinda mimba, yuko Buffalo, New York, mtaa wa Kensington-Bailey, na mumewe ni wa kiwandani. Hatukuchagua kutawanyika. Ndege zilitushusha sisi wakimbizi tulikopangiwa, kila mmoja kwa wakati wake, na mtu akishapata kazi na kanisa ni vigumu kung'oka.

Katika ukoo wetu, huko milima ya juu ya Kivu Kusini, mama aliyefiwa na mume hakai kwa mtoto mmoja. Huzunguka. Anakula mavuno kwa mkubwa, kisha anahamia kwa anayefuata, wajukuu wakimbebea mkeka na sufuria yake, na hakuna mtoto anayeweza kujigamba kwamba mama ni wake. Kuna neno ambalo mama wa namna hiyo halitamki hovyo: "Kwangu ni hapa." Hulitamka tu kama watoto wengine wamemkosea kosa lisilosameheka, au kama ameona siku zake zimekwisha na anachagua atakapozikwa. Likishasemwa mbele ya mashahidi halirudi nyuma.

Basi Mama alizunguka hata Marekani. Mwanzoni hakukuwa na shida, maana alikuwa mzima na hakuna aliyemuuliza kitu. Halafu, akiwa kwa kaka, figo zikashindwa. Louisville wakampa kadi ya matibabu ya serikali na kiti katika kituo cha kusafishia damu. Mashine inaitoa damu, inaichuja, inairudisha. Mama alisema inamchosha kuliko kulima. Lakini alikuwa hai, na zamu yangu ilipofika nikaenda kumchukua.

Kwa akili zetu kadi ile ilikuwa ya Marekani. Tumetoka nchi ambayo muhuri ukipigwa Kinshasa watu wanatetemeka mpaka Uvira. Na mimi ndiye wa kuchekwa zaidi, kwa sababu Bukavu nilisomea utawala wa umma. Darasani tulibishana kuhusu shirikisho mpaka mate yakakauka, na mimi nilikuwa upande wa shirikisho. Yapeni majimbo madaraka, nilipiga kelele, serikali imsogelee mwananchi! Haya, imenisogelea. Imenisogelea hadi kooni.

Kituoni Columbus, dada wa mapokezi aliitazama kadi akanirudishia kwa upole. Hii ni ya Kentucky, akasema, hapa ni Ohio. Nikamwambia mgonjwa ni huyuhuyu na figo ni zilezile. Akasema ananielewa. Watu wa ofisi za huku wanaelewa sana. Sijawahi kuona watu wanaomwelewa mtu kiasi kile huku mlango umefungwa.

Nilikuja kujua kwamba fedha zenyewe kwa sehemu kubwa hutoka Washington. Lakini kila jimbo lina masharti yake, kompyuta zake, simu yake na muziki wake wa kukungojesha. Wahenga walisema fahali wawili wakipigana, nyasi huumia. Wangefika huku wangeongeza neno, maana fahali wa huku hawapigani hata kidogo, kila mmoja anachunga upande wake wa uzio kwa adabu, na nyasi zinaumia vilevile. Ohio wakasema hawawezi kufungua jalada mpaka Kentucky wafunge lao. Kaka akawapigia Kentucky na kuwaambia ukweli kama alivyolelewa: mama ameondoka. Wakafunga siku ileile. Kufunga kuna haraka yake.

Ohio wakatupangia mahojiano ya simu. Niliiweka simu mezani, kati yangu na Mama, na kufungua sauti. Afisa alikuwa mwanamke aliyechoka, na mkalimani aliyeunganishwa kwenye laini alikuwa Mtanzania. "Shikamoo mama," alianza, na Mama akatabasamu, maana salamu ile aliizoea tangu kambi ya wakimbizi, huko nchini kwa mkalimani. Wakamuuliza jina, siku ya kuzaliwa, anakolala. Kisha likaja swali lililotumaliza.

"Mama, afisa anauliza, una nia ya kuendelea kuishi hapa Ohio?"

"Apana," Mama akajibu bila kusita. "Niko na batoto batatu. Kwa huyu nitakaa mpaka Pasaka. Kisha nitaenda kwa ule wa Buffalo, kisha nitarudia kwa mukubwa yao."

Nilimminya mkono. Nadhani hata mkalimani aliuona mtego, lakini kazi yake ni kutafsiri na akatafsiri. Afisa akashukuru. Baadaye jibu likaja kwamba mama ni mgeni Ohio, si mkazi, arudi akaombe kwao. Kwao wapi? Kentucky walishamfungia jalada, na kulifungua upya kungedai jibu lilelile.

Aliyeitunga sheria ile hakuwa mjinga, na sidhani alikuwa mwovu. Mkazi ni yule anayekusudia kubaki, na lazima ijulikane jimbo lipi libebe mzigo. Ningekuwa bado mwanafunzi ningempigia makofi. Ila hakuwahi kumfikiria mama anayezunguka, na sisi hatukuwahi kufikiri kwamba anayeketi kwa watoto wake kwa zamu anaweza kuhesabiwa kuwa hana kwao.

Nilimgeukia Mama nikiwa nimepandwa na hasira. "Mama, si ungesema unabaki! Tuombe upya, useme unabaki. Ni maneno ya simu tu."

"Ya simu?" Alinitazama kana kwamba nimetukana. "Kule kulikuwa bashahidi babili. Nikisema kwangu ni hapa, kaka yako atauliza alinikosea nini. Na Mungu atasikia mi naongopa."

"Basi utakufa!"

"Donc nikufe na batoto batatu, mama. Ni muzuri kuliko kuishi na moya." Hata akikasirika aliniita mama, kama wazazi wa kwetu wanavyowaita mabinti zao.

Nilitoka nikaenda kulia kwenye maegesho ya magari. Siku ile nilimchukia mama yangu, na niliichukia nafsi yangu kwa kumchukia, na chuki iliyobaki sikujua niipeleke ofisi gani.

Bila kadi hakuna kiti. Kulikuwa na chumba cha dharura tu, na huko hawakusafishi damu mpaka uwe umefika pabaya. Kwa hiyo tukawa tunamngoja Mama azidiwe. Niliamka nikaenda kazini, nikawalisha uji mama za watu, wazee ambao hakuna aliyewauliza wanakusudia kubaki wapi. Nikirudi nilibonyeza mguu wa Mama, uliovimba kwa maji ambayo figo hazikuyatoa, na kutazama kama shimo la kidole gumba linafutika. Lilikuwa halifutiki. Pumzi ikianza kukatika ndipo tulikwenda. Walimtoa yale maji, walimtibu vizuri, sisemi uongo, kisha wakaturudisha nyumbani tukaanze kungoja tena. Sheria iliwataka wamwokoe mtu akifika ukingoni. Haikuwa na neno kuhusu kumzuia asifike.

Kanisani wakasema New York wana moyo. Nikampakia Mama garini na blanketi mbili. Tulipopita kando ya ziwa theluji ilikuwa ikianguka kwa ubavu, na Mama akazinduka akauliza tuko serikali gani.

"Pennsylvania," nikamwambia.

"Na bao, batu ya hapa, banauliza?"

"Tukipita tu hawaulizi."

"Bon. Tupite."

Buffalo wakauliza. Bila shaka wakauliza. Tulikuwa jikoni kwa mdogo wangu, mkalimani mwingine, afisa mwingine, swali lilelile. Mama alikuwa amevimba uso na maneno yalimtoka kwa vipande. Alimtazama mdogo wangu, kisha akanitazama mimi kwa muda mrefu, mpaka mkalimani akauliza kama bado tupo. Mama akafungua kitambaa cha kichwani, akakifunga upya kama anayeingia kanisani.

"Kwangu ni hapa," akasema. "Sitoki tena."

Tulimsikia afisa akiandika kwenye kompyuta yake. Mdogo wangu alifunika uso kwa aproni akalia, kwa sababu alijua kilichosemwa. Afisa hakujua. Kwake lilikuwa jibu sahihi, na kadi ikaja, na kiti kikapatikana.

Mama si mtu wa kusema neno asiliishi. Aliagiza vitu vyake vyote viletwe, mkeka kutoka Louisville, sufuria kutoka kwangu. Pasaka ilipopita na zamu nyingine zikapita, nilimpigia kumbembeleza aje hata kwa wiki. "Nilishasema, mama," akanijibu. "Usinifanye muongo." Chumba chake kwangu nilikifunga. Sikuweza kukifagia.

Kaka alikuja baada ya kuomba ruhusa kazini mara kadhaa na kunyimwa. Hakuvua hata koti. Alipiga magoti mbele ya kiti cha Mama, mtu mzima mwenye mvi, kama desturi inavyomtaka mtoto asiyetajwa.

"Mama, nilikukosea nini?"

"Simama. Haukunikosea kitu. Ni bao baliuliza, na balitaka nyumba moya tu."

"Basi rudisha neno."

Mama akamshika kichwa. "Linarudishwa namna gani, mutoto yangu?"

Kaka aliendesha kurudi Louisville usiku uleule, maana kesho yake alikuwa na zamu.

Kungoja kule Columbus kulikuwa kumeshauharibu moyo wa Mama. Daktari alisema umebeba maji mengi mno kwa muda mrefu mno. Kadi ilikuwa nzuri, haikukataa kulipa chochote, lakini ilikuta mtu aliyekwisha nusu. Alifia hospitalini Buffalo kabla baridi haijarudi, na tukamzika hukohuko, kwa kuwa ndiko alikosema.

Kwetu udongo wa kwanza hutupwa na mtoto aliyetajwa, na hakuna anayetupa kabla yake. Mdogo wangu alishika koleo, akamsogezea kaka. "Chukua wewe," akamwambia. "Si Mama aliyenichagua, ni ile simu."

Kaka akarudi nyuma hatua moja. "Hakunitaja."

Wakanitazama mimi. Nilitaka kuchukua, Mungu anajua, lakini mimi pia sikutajwa. Tukasimama hivyo, watoto watatu wa mama mmoja, mpaka mzungu mmoja, mfanyakazi wa makaburini, ambaye mashine yake ya kufukia ilikuwa ikinguruma pembeni, alipokuja kuuliza kwa upole kama anaweza kuendelea. Kaka akaitikia kwa kichwa. Udongo wa kwanza juu ya Mama ulitupwa na mashine.