Pumu Takatifu

Shangazi yangu amefua majoho ya watawa kwa miaka thelathini na mmoja, na kwa muda wote huo hajawahi kuniambia kwamba ni wajinga. Hilo nililigundua mwenyewe, nikimsaidia kufua. Akili ni nywele, kila mtu ana zake, na mabwana hawa hunyoa vipara kila Jumatatu.

Wana wimbo mmoja tu, wa mistari saba. Huuimba alfajiri, huuimba jioni, na humwimbia mwenzao anayekaribia kukata roho ili avuke salama. Ni mwiko kuuandika. Mwanafunzi husimama nyuma ya mwalimu, humwekea kiganja mgongoni, akachukua kila kitu kama kilivyo, sauti na pumzi. Mstari wa tatu ndio daraja lenyewe. Ni lazima uimbwe kwa pumzi moja tangu mwanzo hadi mwisho, maana hakuna anayeketi kupumzika katikati ya daraja. Nasema ni lazima, lakini hiyo ilikuwa zamani.

Mwalimu wa wimbo alikuwa mzee mrefu, mpole, mtu pekee mle ndani aliyekumbuka kutoa vitu mifukoni kabla ya kuleta joho lake lifuliwe. Chumba chake cha kufundishia kilipakana na chumba cha kufulia, ukuta mmoja katikati, kwa hiyo Shangazi aliusikia wimbo ule kwa miaka kumi na tisa huku akikamua mashuka. Kisha mzee akashikwa na pumu. Akifika katikati ya mstari wa tatu kifua kinabana, anavuta pumzi, kinatoka kifilimbi chembamba, ndipo anaendelea. Wanafunzi, viganja mgongoni, wakauchukua wimbo pamoja na kifilimbi chake.

Aliwakanya. Aliwaambia hapo ni ugonjwa, wapaache. Wao wakatazamana na kusema, oneni unyenyekevu wa mtu huyu. Waliojifunza kabla ya pumu wakafa au wakahama mmoja mmoja, akaja Mkuu mpya, bwana ambaye sidhani kama amewahi kuinua ndoo, akaandika kijitabu cha kurasa arobaini kuhusu maana ya Pumziko la Mstari wa Tatu. Wimbo ni mwiko kuuandika, lakini upuuzi juu yake unaruhusiwa. Wageni wakaanza kufunga safari kuja kusikiliza vijana wenye mapafu mazima wakipiga filimbi kama birika.

Mwaka jana Mwalimu alilala asiinuke tena. Alikuwa na ombi moja: ausikie mstari wa tatu ukiwa mzima kabla hajavuka. Alimwambia Mkuu mbele yetu, maana mimi na Shangazi tulikuwa tumeingia kumbadilishia mashuka.

"Nilikuwa nakosa pumzi tu," alisema. "Hakuna kingine. Niimbieni bila kusimama."

Mkuu alimshika mkono, akawageukia wenzake na kusema kwamba hata kitandani Mwalimu bado anawafundisha kujishusha.

Shangazi, ambaye hana mazungumzo na wakubwa zaidi ya habari za madoa, aliweka shuka chini. "Baba Mkuu, mgonjwa anasema alikuwa anaumwa. Nyie mnaimba ugonjwa wake."

"Mama, mashuka yako yanakungoja," Mkuu alimjibu, kwa ile sauti ya upole inayomfanya mtu atamani kurusha ndoo.

Basi wakajipanga, watu wazima kumi na wawili, wakaanza. Mstari wa kwanza, wa pili, wa tatu, na katikati yake wote kwa pamoja: fyuu. Mwalimu akainua kidole kuwazuia. Wakadhani anawabariki. Wakarudia, wakafika palepale, fyuu, kidole kikapanda tena, na machozi yakamtiririka mzee wa watu. Mmoja wao alilia pia, kwa furaha. Siku ile niliwadharau kuliko nilivyowahi kumdharau mwizi. Kengele ya chakula ikalia, wakatoka kwa foleni, maana njaa yao haina pumziko.

Shangazi akafunga mlango. Aliketi ukingoni mwa kitanda akiwa amempa mzee mgongo, mikono yake bado inanuka sabuni, akaanza kuimba kwa sauti ya chini. Huyo ni mwanamke, mfua nguo, ambaye hajakanyaga kile chumba cha mafunzo ila kwa kupiga deki. Alipoukaribia mstari wa tatu niliuona mkono wa Mwalimu ukijikokota juu ya shuka, ukapanda, na kiganja kikatua mgongoni kwa Shangazi kama cha mwanafunzi wa siku ya kwanza. Akauimba mstari wote kwa pumzi moja, shingo imemvimba.

"Ndio huo," Mwalimu alisema.

Alasiri alifariki.

Kijitabu kimechapishwa upya. Sasa kina kurasa hamsini na mbili, na sura nzima inahusu Kidole. Siku hizi wakifika katikati ya mstari wa tatu huvuta pumzi, hutoa kifilimbi, kisha huinua kidole wote kwa pamoja, na wageni hububujikwa na machozi. Mimi hupita na kapu la nguo zao chafu na wala sisimami.

Magoti ya Shangazi yamechoka, mwakani anaacha kazi. Asubuhi, tukisubiri maji yachemke, mimi husimama nyuma yake na kumwekea kiganja mgongoni, mtu mzima na wanangu watatu. Mistari miwili nimeiweza. Wa tatu bado unanishinda. Jana nilifika nusu, nikaiba pumzi kidogo, nikaendelea nikidhani hajasikia. Aligeuka, povu mikononi.

"Ukikosa pumzi, mwanangu, sema umekosa pumzi," alisema. "Haya, tuanze tena."