Barua ya Mstari Mmoja

Juzi, sokoni Mirongo, nilimwona mtawa wa Kidominiko mwenye kanzu nyeupe na shela jeusi akichagua nyanya, nikamkumbuka Sista Agnesi, jirani yetu wa Pasiansi nilipokuwa mtoto.

Kila alasiri alikaa barazani akiandika tafakari zake kwenye daftari, upepo wa ziwa ukileta harufu ya dagaa walioanikwa. Mimi niliamini anamwandikia Mungu barua. Kwa hiyo mama alipolazwa kujifungua na siku zikapita, nilimwendea.

“Shikamoo, Sista. Mwambie Mungu mama arudi.”

“Marahaba, mwanangu. Mwambie mwenyewe,” alisema, akanipa kalamu na kunifungulia ukurasa mpya.

Niliandika polepole, wino ukinichafua vidole: Mama arudi nyumbani. Sista alisoma, akafumba macho. Nilidhani amesinzia.

Mama alirudi Jumamosi, mikono mitupu. Watu wazima waliongea kwa sauti ya chini, nami nikajificha nyuma ya nyumba. Leo najua kwamba mtoto alizaliwa akiwa ameshafariki, kabla sijaandika lolote. Wakati ule nilijua jambo moja tu: nilikuwa nimesahau kumtaja mdogo wangu.